Kutoka Bomani hadi Ngare Nanyuki

Mwenyeji wa Arusha akikwambia anakwenda Bomani, usidhani anakwenda kutazama ng'ombe. Kwa Mmasai na Mwarusha, boma ni nyumbani: vibanda, zizi, uzio wa miiba na watu wanaolala ndani yake. Kwa serikali, boma ni ofisi. Neno ni lilelile, aliyebadilika ni mwenye nyumba.

Juu kabisa ya Barabara ya Boma lipo jengo la kuta nene walilolijenga Wajerumani kati ya 1899 na 1900. Siku hizi ni makumbusho ya historia asilia. Hapo ndipo nilipoianzia safari yangu, asubuhi ya Juni, katika ile baridi ya Arusha inayowavalisha waendesha bodaboda makoti mawili mawili. Mlima Meru ulikuwa umejifunika, hata vilima vya chini havikuonekana. Nilikuwa na siku mbili za kuupitia upande wa mashariki wa mlima huo, na swali moja: vita na serikali, moja baada ya nyingine, zilimfinyanga vipi Mmeru na Mwarusha mpaka akajiita Mtanzania, na nani aliyelipa?

Jengo lenyewe lina jibu la kwanza. Oktoba 1896, mashujaa wa huku waliwaua wamisionari wawili wa Kilutheri, Ewald Ovir na Karl Segebrock, waliokuwa wamepiga hema Akeri. Kapteni Kurt Johannes akashuka kutoka Moshi na askari wake, pamoja na wapiganaji wa Kichaga walioandamana naye. Migomba ilifyekwa, nyumba zikachomwa, ng'ombe wakaswagwa. Miaka michache baadaye, Machi 1900, Mangi Meli wa Moshi alinyongwa pamoja na viongozi wengine, wakiwemo wa Meru na Arusha. Boma hili lilisimamishwa kwa mikono ya watu walioshindwa vita hivyo. Wengi wa askari waliobeba bunduki za Mjerumani walikuwa Waafrika, tangu Wasudani waliokodishwa Misri hadi vijana wa bara walioandikishwa baadaye. Mtu mweusi ndiye aliyesimama mlangoni mwa Boma akimzuia mtu mweusi mwenzake, na kwa wazee wetu hiyo ndiyo iliyokuwa sura ya kwanza ya serikali.

Vita hivyo havijaisha vyote. Mafuvu ya watu wa Afrika Mashariki yapatayo 1,100 yalipelekwa Ujerumani na kuwekwa kwenye makabati ya utafiti. Septemba 2023, taasisi inayoyatunza Berlin ilitangaza kwamba vipimo vya vinasaba vimeyaunganisha baadhi yao na familia zilizo hai Tanzania. Kuna watu huku kaskazini ambao msiba wa babu wa babu yao haujaanuliwa matanga mpaka leo, kwa sababu hawajapata cha kuzika.

Nilipanda Hiace ya Tengeru. Ilikuwa Jumamosi, siku ya gulio, na ndani ya gari kulikuwa na kuku watatu, gunia la maharage na akina mama waliobanana huku wakicheka. "Mama, msogelee dada hapo, bado mmoja," konda alisema, na kweli nafasi ikapatikana. Tulipita Sanawari na Ngulelo, na barabara pana ya njia nne ikatufikisha Tengeru kabla sijamaliza kuhesabu chenji yangu.

Karibu na soko, ukiingia upande wa chuo cha mifugo, kuna makaburi yaliyozungushiwa ukuta. Misalaba imejipanga, majina yana herufi ambazo ulimi wa Kiswahili unazishangaa. Wapo takriban watu 150 waliozikwa humo, Wakatoliki walio wengi, Waorthodoksi na Wayahudi. Ni Wapoland.

Habari yao inaanzia mbali. Mwaka 1940 na 1941, majeshi ya Stalin yaliwachukua kwa nguvu mamia ya maelfu ya raia wa mashariki ya Poland na kuwapeleka Siberia na Kazakhstan. Hitler alipoivamia Urusi mwaka 1941, Stalin akahitaji marafiki, akawaachia. Wanaume wenye nguvu waliingia jeshi la Jenerali Anders, nao wanawake, watoto na wazee wakavuka hadi Iran wakiwa mifupa mitupu. Kutoka huko Waingereza wakawatawanya katika makoloni yao. Tengeru ilipata kambi iliyokuwa kubwa kuliko zote za Wapoland barani Afrika: watu wapatao 5,000, kuanzia mwaka 1942. Walijengewa vibanda vya mviringo vilivyoezekwa nyasi, wakawa na shule, kanisa na shamba lao, karibu na Ziwa Duluti.

Vita vilipokwisha, hawakuwa na pa kurudi. Mkutano wa wakubwa watatu kule Yalta, Februari 1945, uliiacha mikoa waliyotoka ndani ya Urusi ya Kisovieti. Mtoto aliyezaliwa raia wa Poland alikuta kijiji chake kimehamia nchi nyingine bila kusogea hata hatua moja. Wengi walikwenda Uingereza, Kanada na Australia. Wachache walibaki, na aliyekuwa wa mwisho wao hapa, Edward Wójtowicz, alifariki mwaka 2015.

Nilikaa kitambo kirefu mbele ya kaburi la mtoto. Sikuweza kusoma jina lake, lakini tarakimu ni tarakimu: aliishi miaka minne. Mhifadhi wa makaburi, mzee mpole aliyeniitikia "marahaba" na kuniacha peke yangu, alikuwa akipalilia maua upande wa pili. Mmeru anatunza makaburi ya watu wasiokuwa na ndugu karibu. Iliniuma, na ilinifariji pia.

Sasa tuutazame mlima wote kwa pamoja. Miaka ileile ambayo wakimbizi hawa walikuwa wakipokewa Tengeru, vijana wa Tanganyika kwa maelfu walikuwa katika King's African Rifles, wale tuliowaita askari wa keya, wakipigana Uhabeshi, Madagaska na Bama. Waliambiwa wanapigania uhuru wa dunia. Walipovua sare, baadhi yao walirudi kwenye mlima huu, na serikali waliyoipigania ilikuwa inapanga kuwanyang'anya wazee wao ardhi.

Kwa hiyo nilikwenda Ngare Nanyuki, penye ardhi hiyo.

Ukifika mjini Usa River unashuka, unatafuta gari linalopanda. Barabara inaacha lami ikielekea Ngongongare na kuingia moja kwa moja ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Arusha. Hii ni njia ya umma inayokatiza hifadhini, kwa hiyo mama anayetoka kuuza mchicha Usa anawaona twiga kupitia dirisha la gari lilelile analolipanda kila wiki. Abiria hawageuki. Mgeni peke yake ndiye aliyegeuka, na huyo nilikuwa mimi. Hifadhi ilianzishwa mwaka 1960, mwaka mmoja kabla ya uhuru, na katika miteremko yake mipaka ya msitu, mashamba ya zamani ya walowezi na vijiji imebanana kama vyumba vya nyumba ya kupanga. Mmeru amezaliwa kati ya kuta hizo. Juu ni msitu wa serikali, chini ni mashamba makubwa ambayo Wajerumani waliwagawia walowezi, wakiwemo Makaburu waliokuja kutoka kusini. Katikati, kwenye mkanda wa migomba na kahawa, watu wanaongezeka na ardhi haiongezeki.

Baada ya msitu, hewa inakauka ghafla. Ngare Nanyuki, maji mekundu kwa Kimaasai, ni uwanda wa kaskazini mashariki ya mlima, wenye vumbi na upepo, na siku ikiwa safi Kilimanjaro inasimama mbele yako nzima nzima. Siku hizi panajulikana kwa nyanya. Matenga yalikuwa yamepangwa kando ya njia kama matofali, vijana wanapakia Fuso, na kila aliyepita aliniuliza kama nimekuja kununua.

Mwaka 1946 serikali ya Uingereza ilimpa Jaji Mark Wilson kazi ya kuchunguza ardhi ya Arusha na Moshi. Ripoti yake ya 1947 ilipendekeza ardhi ipangwe upya ili mashamba ya Wazungu kati ya Meru na Kilimanjaro yawe eneo moja lisilokatwa na Waafrika. Katika ramani, Ngare Nanyuki ilikuwa mashamba namba 31 na 328. Katika maisha, ilikuwa malisho, mito, makanisa na nyumba za Wameru takriban 3,000. Waliambiwa wahamie Kingori, kwenye joto, mahali walipoogopa ng'ombe wao wangekufa kwa ndigana. Wakakataa. Walikataa kuhama na walikataa pia fidia, kwani waliona kwamba anayepokea fedha amekubali kuuza.

Novemba 1951 polisi walifika. Watu walitolewa, mali ikatupwa nje, nyumba zikachomwa.

Wameru hawakushika silaha. Nchi jirani ya Kenya ilikuwa inaelekea kwenye Mau Mau, na hasira ya ardhi ilikuwa ni ileile. Lakini Tanganyika haikuwa koloni kama Kenya. Ilikuwa nchi ya udhamini, aliyokabidhiwa Mwingereza baada ya Mjerumani kushindwa Vita Kuu ya Kwanza, na mdhamini alipaswa kutoa hesabu kwa Umoja wa Mataifa. Vita vya watu wengine vilikuwa vimeacha mlango wazi, na wakulima wa mlimani wakauona. Walichangishana. Mwaka 1952 Kirilo Japhet, mmoja wa viongozi wa madai yao, pamoja na Earle Seaton, mwanasheria mzaliwa wa Bermuda aliyekuwa akifanya kazi Moshi, walifikisha shauri New York. Kirilo alikuwa Mtanganyika wa kwanza kusimama mbele ya Umoja wa Mataifa na kuishtaki serikali iliyomtawala.

Hawakushinda. Azimio la kuwaunga mkono halikufikisha theluthi mbili za kura katika Baraza Kuu. Ila yaliyofuata, kwa maoni yangu, ndiyo yaliyozaa taifa. Kirilo aliporudi alizunguka Tanganyika akiwasimulia watu kilichotokea. Aliwasimulia Wasukuma, Wahaya na watu wa pwani, ambao hawakuwahi kuuona Mlima Meru wala hawakumjua Mmeru yeyote. Walimsikiliza kwa Kiswahili, na walipokwisha kusikiliza walijua kwamba kilichompata Mmeru leo kinaweza kumpata Mgogo kesho. Julai 1954 chama cha TANU kikazaliwa, na Machi 1955 Julius Nyerere alisimama mbele ya Baraza la Udhamini, katika njia iliyokuwa imekwisha kukanyagwa na mtu wa Meru. Huwa tunafundishwa kwamba utaifa wetu ulitoka Dar es Salaam ukaenea mikoani. Mimi nilipokuwa nimesimama katikati ya matenga yale ya nyanya niliamini kinyume chake: sehemu yake kubwa ilitoka hapa, kwa watu waliochomewa nyumba.

Baada ya uhuru ardhi ile ilirudi mikononi mwa Wameru. Shule za huko zimejaa watoto. Nilimwuliza bibi aliyekuwa akichambua nyanya kama amekaa hapa siku zote. Akanitazama, akasema, "Mjukuu wangu, nani amekaa hapa siku zote?" Kisha akanichagulia nyanya tano nzuri, akakataa pesa.

Ningependa kuishia hapo, lakini nisingekuwa mkweli. Serikali yetu wenyewe nayo ilikuja kuhamisha watu. Novemba 1973 Nyerere alitangaza kwamba kuishi vijijini ni amri, na katika Operesheni Vijiji mamilioni walihamishwa, wengine kwa kubomolewa na kuchomewa nyumba, mambo yaleyale ambayo Kirilo aliyapeleka New York. Na katika mkoa huuhuu wa Arusha, tangu mwaka 2022, familia kutoka Ngorongoro zimekuwa zikihamia Msomera, Handeni. Serikali inasema ni kwa hiari. Wapo wakazi waliokataa, na Agosti 2024 maelfu yao walijitokeza barabarani kulilia haki yao ya kubaki na ya kupiga kura. Mtu anayelijua shauri la Meru hawezi kuzisikia habari hizo akasema hazimhusu.

Nilirudi mjini usiku na asubuhi nikaenda Kaloleni, kwenye jengo walimokutana viongozi wa TANU kuanzia Januari 26 hadi 29, 1967, na kutoka na Azimio la Arusha. Sasa ni makumbusho, na mbele yake mnara wa Azimio unasimama katikati ya mzunguko wa magari. Vijana walitembea kwa miguu mamia ya kilomita kuliunga mkono. Leo, wauza viatu vya mitumba wanapanga bidhaa zao jirani yake, na sijui kwa nini hilo lilinipendeza.

Azimio liliwafundisha Watanzania kusema "sisi", lakini kwa wengi wa umri wa wazazi wangu, "sisi" hiyo ilipigwa muhuri na vita. Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yaliivamia Kagera. Novemba 2 Nyerere akasema redioni kwamba sababu ya kumpiga tunayo, nia tunayo na uwezo tunao. Jeshi letu lilikuwa limeundwa upya, kwa sababu lile la kurithi kutoka kwa Mwingereza liliasi Januari 1964 na kuvunjwa. Waliojiunga nalo walikuwa vijana wa Jeshi la Kujenga Taifa (JKT) na mgambo, wa makabila yote, wakizungumza lugha moja. Machi 1979 wapinzani wa Amin kutoka Uganda walikutana Moshi, mwendo mfupi kutoka hapa, kuunda serikali yao ya baadaye, na Aprili 11 Kampala ikaanguka.

Kisha ikaja bili. Wananchi waliambiwa wafunge mkanda kwa miezi 18, na mkanda ukabaki umefungwa miaka. Kwa Arusha shida ilikuwa na sura yake. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imevunjika mwaka 1977 na mpaka wa Kenya ukafungwa, na Namanga iko kilomita kama 110 tu. Sabuni, mafuta ya kupikia na dawa ya meno vilikuwa ng'ambo pale, karibu kiasi cha kunusika. Watu wakajifunza njia za vichakani usiku, wakajifunza neno magendo, na wakajifunza kumwogopa jirani. Mwaka 1983 Waziri Mkuu Edward Sokoine, mtoto wa Monduli, akaanzisha msako wa wahujumu uchumi, na wapo waliotupa bidhaa mtoni ili wasikutwe nazo. Mama yangu, ambaye alisimama kwenye foleni za duka la ushirika akiwa na mimba, hadi leo hatupi kipande cha sabuni. Anavikusanya kwenye kopo, anavibandika pamoja. Anaipenda Tanzania kwa moyo wake wote, na ukimwuliza vita vya Kagera anakuonyesha kopo.

Mpaka ulifunguliwa kwa makubaliano ya Novemba 1983, na marais wa nchi tatu zilizokuwa za Jumuiya walikutana hapahapa Arusha kuyamaliza. Jengo lililokusudiwa kuwa makao ya Jumuiya iliyokufa lilikuwa limegeuzwa kuwa ukumbi wa mikutano wa kimataifa, AICC, na mabawa yake yakapewa majina ya Kilimanjaro, Serengeti na Ngorongoro. Nilifika hapo mchana wa siku ya pili. Meru ulikuwa umejifunua hatimaye, wote, na theluji kidogo kwenye kilele.

Agosti 4, 1993, mkataba wa amani ya Rwanda ulitiwa saini Arusha. Humo kulikuwa na kifungu ambacho watu wachache wanakikumbuka: serikali mpya ifute kabila kwenye nyaraka zote za taifa. Wabelgiji ndio walioanza kuandika Mhutu, Mtutsi au Mtwa kwenye vitambulisho, miaka ya 1930, na serikali za baada ya uhuru zikaendeleza. Kifungu hakikutekelezwa. Miezi minane baadaye mauaji ya kimbari yakaanza, na kwenye vizuizi vya barabarani kadi ileile ndiyo iliyosomwa kabla ya panga kunyanyuliwa. Huku kwetu, sensa ya mwisho kuuliza kabila ilikuwa ya 1967. Serikali iliamua kutouliza tena. Sijawahi kuuona uamuzi huo ukishangiliwa kwenye sherehe yoyote, na nadhani unastahili.

Mwisho wa Aprili 1994, wakimbizi wa Rwanda wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo kuingia Ngara kwa siku moja. Mwaka uliofuata Umoja wa Mataifa ukaileta mahakama ya mauaji ya kimbari hapa AICC. Watuhumiwa 93 walishtakiwa kabla haijafungwa mwishoni mwa 2015. Mmoja wa washtakiwa wa mwanzo alikuwa Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa meya wa Taba. Hati yake ya kwanza ya mashtaka haikutaja ubakaji kabisa. Kisha mashahidi wanawake wakaanza kusema mambo ambayo hawakuulizwa, na jaji Navanethem Pillay na wenzake wakawasikiliza, na Juni 1997 mashtaka yakaongezwa. Septemba 2, 1998, mahakama ikamtia hatiani kwa mauaji ya kimbari, mahakama ya kwanza ya kimataifa kufanya hivyo, na ikatamka kwamba ubakaji unaweza kuwa sehemu ya mauaji hayo.

Kirilo Japhet aliondoka kwenye mlima huu kwenda kusema New York akiwa na jina lake. Wanawake wa Taba walikuja kusema chini ya mlima huu bila majina. Aliyetoa ushahidi mzito kuliko wote anajulikana kwenye hukumu kwa herufi mbili tu, JJ. Alikaa nyuma ya pazia, akajibu kwa Kinyarwanda, wakalimani wakaigeuza sauti yake kuwa Kifaransa na Kiingereza, kisha akarudi kwao. Huenda gari lililompeleka uwanja wa ndege lilipita Tengeru, siku ya gulio, katikati ya akina mama wenye kuku na magunia ya maharage.